Udongo Juu ya Chokaa

Makenke, Mbarara
2 Juni 2024

Shemeji Godeberthe,

Nakusalimu. Mimi mzima. Mwanangu Ineza mzima? Mwambie asome.

Naandika kwa sababu simu yako inasema kwa spika tu, na mambo ya kaburi sitaki yasikiwe na foleni nzima ya maji. Parfait wa lori la ndizi amekubali kubeba barua zetu. Jibu mpe yeye.

Neno la kwanza ni kilio cha dada yako. Mke wangu amemaliza mwaka kwa udongo. Nataka tuondoe kilio mwezi wa nane, Jumamosi ile baada ya sikukuu ya Maria Kupalizwa. Isipite. Unajua mwenyewe, kwetu Burundi mwenye kilio hashiki mbegu. Shamba lilipandwa na watu wengine, mimi na wewe tumesimama pembeni kama wageni. Mvua ya mwezi wa tisa inikute nimetoka kwa kilio. Sitaki mwaka wa pili.

Na waje wale waliomzika. Wote. Waliochimba, waliobeba, na kwaya ya Mama Sidonie iliyoimba. Kilio hakiondolewi na watu wawili na mtoto. Walioshika majembe ya kaburi wasipokunywa pombe ya mwisho pale pale, kilio kinabaki. Hiyo ulinifundisha wewe.

Neno la pili. Chokaa niliyopaka kaburini Pasaka imeshika? Nilimpangia Clémence duara ya mawe meupe na msalaba katikati, vile tunafanya hapa kambini kwa wanajeshi, kando ya uwanja. Hapa kambini mpaka chokaa ni mimi. Mawe ya njia, miti, fasi inaposimama bendera, yote mkono wangu. Ile duara ya uwanjani ndiyo nzuri kushinda zote, ndiyo maana nikampa yeye ileile. Nakivale nzima, wakimbizi wote, hakuna kaburi kama lile. Limekaa kwa mlima, linaonekana toka barabarani.

Andaa mtama wa pombe.

Melchior


Nakivale
11 Juni 2024

Baba Ineza,

Barua nimepata. Unaandika kama mtu anayepigilia misumari. Ineza mzima, anasoma, ameota meno mapya ya mbele, hayo hukuuliza.

Mtama si shida. Shida ni nyingine.

Zimeanza kuja kajugujugu. Helikopta za jeshi. Hazipiti juu, zinapita chini. Sikiliza vizuri, nimesema chini. Zinaingia kwa bonde, kati ya mlima wetu na ule mlima mkavu wa ng'ambo, zinafuata bonde vile ng'ombe wanafuata njia ya maji. Mimi nikiwa nimesimama kwa shamba naona mgongo wake. Wewe unayekaa na askari, umewahi kuona mgongo wa helikopta? Mapanga yake yanazunguka chini ya miguu yangu, na kwa kioo naona kichwa cha mtu, kikubwa kama mtungi.

Zingepita tu tungezoea. Lakini zikifika kwa kaburi la Clémence zinalala ubavu, zinageuka pale pale juu yake, zinarudi zilikotoka. Kila moja. Hazigeuki kwa kanisa, hazigeuki kwa tangi la maji. Zinageuka kwa dada yangu. Mbuzi wa Nicodème alikata kamba, mpaka leo hajaonekana. Mihogo niliyoanika kwa bashi la turubai ilirushwa mpaka kwa jirani, na bashi lenyewe likaifuata.

Sasa watu. Wakongomani wa upande wa chini wakisikia ile sauti wanaingia mtaroni, watu wazima, na nguo zao za kanisa. Hakuna anayecheka. Nilikwenda kwa Mama Sidonie kumwambia siku ya kilio. Alinipa kiti, alinipa maharage, halafu akasema: "Mama, Clémence nilimupenda. Lakini kule juu sipande. Ile kitu kwetu ilikuwa inakuya hivi hivi. Inatafuta kwanza, inazunguka, kisha inaangusha. Na ile fasi yenu, inaizunguka kila siku."

Na wale waliochimba kaburi wanafuata maneno yake. Nicodème anasema marehemu ndiye anaziita. Cheyamani wetu wa kijiji anasema tufunike ule weupe, au kilio tukifanyie nyumbani.

Nyumbani si kaburini, najua. Kwa hiyo nakuomba, utoe chokaa. Watu wapande, wanywe, tumalize.

Godeberthe

Maharage ya Mama Sidonie yalikuwa na chumvi mingi. Usimwambie mtu.


Makenke, Mbarara
19 Juni 2024

Shemeji,

Chokaa sitoi.

Nimemuuliza Afande Byamukama, sajini anayenisimamia kazi. Alicheka mpaka akaegemea mti niliotoka kuupaka, akachafua shati. Akasema: "Mzee, hiyo iko wanafunzi tu. Yeye nafundishwa kupita chini kwa milima, ndio adui hapana ona yeye. Hapana beba bomu. Hata hiyo kijana ndani, yeye naogopa kuliko nyinyi."

Waambie watu hivyo hivyo. Wanajifunza kupita kwa mabonde, kwa sababu mlima unawaficha. Wakijua wataenda zao.

Na kwa Clémence wanageuka kwa sababu panapendeza. Mtu mwenye macho anageukia kitu kizuri. Alipokuwa hai alipita sokoni na ndoo kichwani, akageuka mtu mmoja, mimi. Sasa wanageuka maafisa. Sioni ubaya.

Nicodème mwambie mbuzi wake alikuwa mkata kamba kabla ya helikopta yoyote. Nilimkamata mimi kwa mihogo yangu.

Mama Sidonie namheshimu. Lakini apande.

Melchior


Nakivale
14 Julai 2024

Shemeji Melchior,

Niliwaambia. Nilisimama baada ya misa nikasema ni wanafunzi. Mama Sidonie aliuliza: "Na ile iliangushiaka batu ba kwetu bomu, ilikuwa mwalimu?" Ungekuwa wewe ungemjibu nini?

Lakini usihangaike, mambo yamekaa vizuri. Ilipiga mvua moja kubwa, ikaosha chokaa yote. Mawe yamerudi kuwa mawe. Tangu hapo kajugujugu zinapita moja kwa moja, hazigeuki tena kwetu. Mbuzi wametulia, hata yule mhuni wa Nicodème amerudi, amenenepa. Cheyamani amekubali kilio kifanyike kaburini. Waliochimba wamekubali. Mama Sidonie anasema ataleta kwaya.

Wewe njoo tu na mikono yako. Chokaa iache huko huko, ni nzito bure kwa lori.

Godeberthe


Makenke, Mbarara
22 Julai 2024

Shemeji,

Mvua gani ya mwezi wa saba?

Mimi niko Mbarara, siko Ulaya. Hapa vumbi linaingia mpaka kwa chai. Parfait anasema huko ni hivyo hivyo. Hiyo mvua ilinyeshea kaburi la mke wangu peke yake?

Ukweli nimeupata, na nimeupata kwa aibu. Afande Byamukama aliniita mbele ya afisa wa hizo helikopta. Mgeni, si wa hapa kambini. Afisa aliuliza nani alipanga mawe meupe kwa mlima kule Nakivale, na nani ameyaondoa. Kumbe wanafunzi wanaambiwa, mkiona duara jeupe, geukeni. Walimu walidhani limewekwa na wakubwa, wakubwa wakadhani limewekwa na walimu. Juzi wanafunzi hawakuliona. Wakapitiliza, wakatokea huko Masha kwa wafugaji, chini kwa chini juu ya ng'ombe za watu. Wachungaji walishinda kutwa wanazikusanya.

Nikasema mawe ni ya mke wangu. Akauliza kwa nini duara, kwa nini msalaba ndani. Nikasema nimeiga ile ya uwanjani. Wakatazamana. Ndipo Byamukama akanieleza. Ile duara ya uwanjani si pambo. Ndiyo fasi ya helikopta kutua. Inapakwa nyeupe ili mtu wa juu aione. Mimi siku zote naipaka nikijua ni urembo, kama maua mbele ya ofisi. Hakuna aliyeniambia, na sikuuliza. Nilipewa jiwe nikapaka.

Kwa hiyo nilimpangia mke wangu fasi ya kutua helikopta. Cheka. Byamukama amecheka wiki nzima, ananiita Mzee Uwanja.

Afisa hakunikasirikia. Alivua kofia, akasema pole ya mke. Akasema si vizuri alama ikae kwa watu. Itawekwa kwa ule mlima mkavu wa ng'ambo, kule hakuna nyumba. Wameshaongea na wakubwa wa settlement ya wakimbizi na cheyamani wenu. Mawe nitayapanga mimi, ndiyo kazi yangu. Nakuja Jumatatu ya wiki ya sikukuu. Nitafutie watu wa kubeba.

Hilo limeisha. Sasa lako.

Hakuna mvua iliyoosha. Umepaka matope. Parfait ameliona toka barabarani, anasema kaburi limekuwa jeusi kama jiko. Umempaka dada yako matope, halafu ukaniandikia mvua. Nakuja na ndoo na burashi. Nitaliosha kabla mtu hajakanyaga pale. Niliyemwoa ni mimi.

Melchior


Nakivale
30 Julai 2024

Baba Ineza,

Nimecheka mpaka mtoto akaniletea maji. Fasi ya kutua. Clémence aliyeogopa hata kupanda ngazi ya dari.

Mvua nilidanganya. Msamaha mrefu sitaomba. Ungesema tena hapana, na mwezi wa tisa haungojei vichwa vigumu.

Lakini usiite matope. Matope ni yale ya barabarani. Ule ni udongo wa kichuguu, umechanganywa na majivu na mavi ya ng'ombe, umekanyagwa kwa miguu, umepigwa kwa mkono. Wewe umelala ndani ya udongo huo ndoa yako yote. Ile nyumba yenu nani aliipiga udongo? Mimba ya Ineza ilikuwa imefika hapa kifuani, Clémence anapiga ukuta, anaimba, wewe umekaa kivulini unamwonyesha pale amesahau. Umewahi kuona chokaa kwa nyumba ya dada yangu? Wewe ulimpanga kama askari anayelinda bendera. Mimi nimempigia nyumba.

Na sikupiga peke yangu. Nilikwenda kwa Mama Sidonie kuazima jembe la kuchimba kichuguu. Akauliza la nini, nikamwambia. Alileta jembe. Halafu akajifunga kitambaa, akasema: "Mwanamuke hapigiwe nyumba na mutu moja." Akapanda. Yule yule aliyesema hapandi.

Helikopta ilikuja mikono yetu ikiwa ndani ya udongo. Nusu ya mawe yalikuwa bado meupe, basi ikageuka kama kawaida yake, juu ya vichwa vyetu. Mama Sidonie alilala kifudifudi juu ya kaburi. Mimi nikalala. Ineza akawa katikati yetu. Ilipokwenda, yule mama aliinuka, akachovya mikono tena kwa udongo, akaendelea kupiga mpaka tukamaliza.

Kwa hiyo ukiosha, unaosha mikono yake. Na ya mtoto wako, maana msalaba alipiga yeye. Njoo na ndoo yako. Sitakuzuia, wewe ndiye mume. Ila uangalie kwanza.

Watu wa kubeba mawe wapo wengi kuliko mawe. Mama Sidonie anasema jiwe la kuihamisha ile kitu ng'ambo atalibeba hata kwa kichwa.

Godeberthe


Makenke, Mbarara
26 Agosti 2024

Shemeji,

Nimefika. Mwili unauma mpaka leo. Yale mawe ya mlima mkavu yalikuwa mazito, na Mama Sidonie alinisema njia nzima, eti mtu aliyejenga uwanja wa ndege bila kujua anashindwa kujenga mwingine akijua. Ulisikia mwenyewe. Nimemsimulia Byamukama. Anasema huyo mama angefaa kuwa meja.

Umemtuma Parfait kuniuliza ndoo yako iko wapi. Nakujibu.

Jumamosi asubuhi mlikuwa mnachuja pombe. Nilipanda peke yangu na burashi na ndoo yako, yangu nilikuwa nimeiacha na chokaa ng'ambo. Nilikwenda kuosha, sikufichi. Nikaangalia kwanza, ili usipate la kuniambia.

Niliona vidole. Vyako nilivijua, vinavuta kwenda kulia kama vyake yeye. Mlifundishwa na mama mmoja. Ukuta wa nyumba yangu, upande wa kitanda, uko hivyo hivyo, na nilikuwa naulalia bila kuutazama. Vya Mama Sidonie ni vipana, na kuna fasi vimechimba sana, nadhani ndipo helikopta ilipita. Kwa msalaba kuna kiganja kidogo. Kimebandikwa tu, hakikuvutwa. Niliweka changu juu yake. Changu kilikifunika chote.

Burashi nikaweka chini.

Lakini upande wa bondeni mlisahau. Mawe machache ya huko yalikuwa na chokaa bado. Labda mliogopa kuteleza. Nikachimba kichuguu kile cha karibu, nikamwaga maji ya ndoo, nikakanyaga, nikapiga. Nyumba sijawahi kupiga. Wanaume wangepita wangecheka. Hakupita mtu. Ndoo nilijaza udongo mingi, ikapasuka chini. Nimeitupa nyuma ya kichuguu. Nitakununulia ya chuma.

Ndiyo maana nilichelewa, nikaja na mikono michafu. Ulinimwagia maji nikanawa, hukuuliza kitu. Asante kwa hilo.

Wengine uliwaona kuliko mimi, maana ulikuwa unagawa mirija ya pombe. Lakini ilipopita helikopta ulikuwa umeinama kwa mtungi. Mimi nilikuwa namtazama Mama Sidonie. Alimshika Ineza mkono. Ile kitu ikaingia bondeni, ikaja, ikatupita, ikaenda kulala ubavu ng'ambo, juu ya mawe yetu. Wenzake waliinama. Yeye alikaa wima. Akamwambia mtoto: "Umeiona? Inatii." Akarudisha mrija mdomoni.

Pale ndipo kwangu kilio kiliisha. Maneno ya cheyamani yalikuwa ya kufunga tu, na yalikuwa marefu.

Jana nimepaka duara ya uwanjani. Imetoka vizuri. Sasa najua ninapaka nini.

Mvua ikinitangulia, panda. Lakini niachie mstari mmoja.

Melchior


Nakivale
15 Septemba 2024

Baba Ineza,

Mvua imekuja. Hii ni ya kweli, muulize Parfait, lori lake limekwama hapa chini na amekula kwangu, ndiyo maana barua imechelewa.

Kaburi limeshika. Upande wako nilikuwa nimeuona siku ile ile, kabla watu hawajapanda. Umepinda. Una nundu kama ng'ombe, na vidole vyako vinakwenda kila fasi, kama mtu anayetafuta funguo gizani. Mama Sidonie aliuliza ni mbuzi gani alilala pale. Nikamwambia wa Nicodème. Nicodème akakataa, nikamwacha akatae.

Sitaurekebisha. Maji ya mvua yanaufuata vizuri tu.

Mbegu nimeishika kwa mkono wangu. Siku ya kwanza vidole vilikuwa vigeni, vikaniangushia maharage mawili shimo moja, nikayaacha. Mstari wako upo, ule wa karibu na njia. Ineza ameweka kijiti, na anasimama pale kufukuza kuku. Anasema baba anakuja kupanda, kuku hawasikii, anarudia.

Helikopta zimekwenda. Lile duara la ng'ambo limebaki jeupe, mbuzi wanapanda kulala ndani yake. Mama Sidonie akichota maji anasimama kulitazama, kisha anaendelea na njia.

Njoo udongo ukiwa bado laini. Ndoo ya chuma uliniahidi, usije mikono mitupu.

Godeberthe